Jonathan Woocher: Mtaalamu wa Siasa na Swali la Wajukuu

Kengele ya mwisho inapolia katika shule za serikali kwenye vitongoji vya miji mikubwa ya Marekani, watoto hutawanyika. Wengine huenda mpirani, wengine kwenye mafunzo ya muziki, wengine moja kwa moja nyumbani. Baadhi ya watoto wa Kiyahudi huteremshwa na wazazi wao mlangoni mwa sinagogi. Wakiwa wamechoka na njaa inawauma, huingia darasani, hufungua kitabu kinachoanzia pale ambapo vitabu vyao vya asubuhi huishia, na kusoma herufi za Kiebrania kutoka kulia kwenda kushoto. Ratiba hiyo huendelea mara moja, mbili au tatu kwa wiki hadi wanapotimiza miaka 12 au 13. Siku hiyo husimama mbele ya jamaa na marafiki, husoma Torati kwa sauti, na kuanzia hapo huhesabiwa watu wazima mbele ya sheria ya dini yao.

Aliyelelewa katika pwani yetu haoni ugeni hapo. Asubuhi shule, jioni chuoni, juzuu kwapani na macho kwa mwalimu. Analijua hata swali wanalojiuliza wazazi kimoyomoyo: haya anayofundishwa mtoto yatabaki naye akishakua, au atayavua kama kanzu iliyombana?

Swali hilo lilimshika Mmarekani mmoja, Jonathan Woocher, likamtoa kwenye kiti cha uprofesa na kumpa kazi ya maisha. Hakuwa rabi, wala hakuanzia kwenye ualimu wa watoto. Alisomea sayansi ya siasa. Ninaamini ni kwa sababu hiyo aliona jambo ambalo walimu wengi hodari walilipita: kuelimisha watoto wa jamii iliyotawanyika ni suala la siasa kwa maana yake ya asili, yaani namna watu wanavyokubaliana kuishi pamoja na kubeba mzigo mmoja.

Kutoka Yale hadi Philadelphia

Woocher alipata shahada yake ya kwanza ya sayansi ya siasa katika Chuo Kikuu cha Yale. Kisha akaenda Chuo Kikuu cha Temple mjini Philadelphia, akasomea dini hadi shahada ya uzamivu. Siasa na dini ndizo zilizokuwa nyenzo zake mbili, na kila alichokifanya baadaye kilibeba alama za zote mbili.

Temple ya miaka hiyo ilikuwa na mwanazuoni wa siasa aitwaye Daniel Elazar, bingwa wa masuala ya shirikisho, yaani jinsi majimbo yanavyoweza kujitawala na wakati huohuo kutawala pamoja. Mwaka 1976 Elazar alitoa kitabu, Community and Polity, kilichowatazama Wayahudi wa Marekani kama jamii ya kisiasa kamili. Kwa jicho lake, wana vyombo vyao, viongozi wao, mapato yao na mabishano yao, ingawa hawana bunge wala polisi. Mtazamo huo wa jamii inayojiendesha bila dola ndio alioufanyia kazi Woocher pia.

Alifundisha kwanza katika Chuo cha Carleton, Minnesota, kisha Chuo Kikuu cha Brandeis karibu na Boston. Brandeis ilianzishwa mwaka 1948 na jumuiya ya Wayahudi wa Marekani, lakini milango yake ilikuwa wazi kwa watu wa kila dini. Huko aliwafundisha vijana waliojiandaa kwenda kuendesha mashirika ya Kiyahudi: wakurugenzi wa vituo vya jamii, wachangishaji, wapangaji wa huduma. Kazi hiyo ilimkutanisha kila siku na watu waliobeba jamii yao mgongoni, akaanza kujiuliza ni imani gani hasa inayowasukuma.

Imani isiyoandikwa

Jibu lake lilitoka mwaka 1986 katika kitabu alichokiita Sacred Survival, kuhusu kunusurika kunakogeuka kuwa jambo takatifu. Kwa msomaji wa leo kitabu hicho bado kina uhai, maana kinaeleza jambo linalozikuta jamii nyingi.

Katika kila mji mkubwa wa Marekani kuna chombo cha Wayahudi kinachoitwa shirikisho. La kwanza liliundwa Boston mwaka 1895, kwa wazo rahisi: badala ya hospitali, kituo cha yatima na nyumba ya wazee kila kimoja kubisha mlango wa tajiri yuleyule, mchango ukusanywe mara moja kisha ugawanywe. Wanaoketi kwenye kamati za mashirikisho hayo hutoka madhehebu tofauti. Yupo anayeshika Sabato kwa ukamilifu, yupo anayeingia sinagogi mara mbili kwa mwaka, yupo asiyeamini kuwa kuna Mungu. Hata hivyo wanakaa meza moja, wanachanga, wanasafiri pamoja, wanalia pamoja.

Woocher aliwauliza viongozi vijana wa mashirikisho hayo maswali juu ya wanachokiamini. Alichokikuta ni dini ndani ya dini. Wataalamu huiita dini ya kiraia. Mwanafalsafa Rousseau, mzaliwa wa Geneva, alilitumia neno hilo mwaka 1762, na Mmarekani Robert Bellah akalifufua mwaka 1967 alipoandika kuhusu nchi yake. Ni mkusanyiko wa imani, hadithi na desturi zinazoifunga jamii nzima bila kujali mtu anasali wapi. Ile aliyoikuta Woocher ilikuwa na nguzo 7: umoja wa Wayahudi wote, wajibu wa kila mmoja kumdhamini mwenzake, kunusurika katika ulimwengu wenye hatari, nafasi ya Israeli katikati ya yote, thamani isiyokwisha ya mapokeo, tsedaka, neno la Kiebrania linalobeba sadaka na haki kwa pamoja, na imani kwamba kuwa Mmarekani mwema hakupingani na kuwa Myahudi mwema.

Tuitazame kidogo hiyo tsedaka. Shina lake katika Kiebrania ni haki, na ni ndugu wa Kiarabu kilichotupa sisi sadaka na sadiki. Anayetoa tsedaka hahesabiwi kuwa amefadhili, amelipa anachodaiwa. Watu waliokuwa wakiandika hundi kwenye mikutano ya mashirikisho, hata wale waliojiita wasio na dini, walikuwa wanatimiza amri ya kale kuliko makazi ya Wayahudi katika Marekani yote.

Woocher aliiheshimu imani hiyo bila kuipamba. Aliona kuwa inawaunganisha watu kuliko kitu kingine chochote katika jamii hiyo, na aliona pia mipaka yake. Imani iliyojengwa juu ya kunusurika humwambia mtu kwa nini jamii isife. Haimwambii aishi vipi Jumanne asubuhi, amlee vipi mwanawe, au azike vipi mzazi wake. Kazi ya kujaza pengo hilo ni ya elimu.

Ofisi isiyo na amri

Mwaka uleule kitabu kilipotoka, Woocher aliacha ualimu wa chuo kikuu akashika uongozi wa JESNA, shirika la huduma za elimu ya Kiyahudi kwa Amerika Kaskazini, lenye makao yake New York. Lilikuwa limeanza kazi kwa jina hilo mwaka 1981, likirithi chama kilichoundwa mwaka 1939.

Hakuwa wa kwanza kuacha taaluma yenye heshima kwa ajili ya watoto hao. Samson Benderly, mzaliwa wa mji wa Safed huko Galilaya, alisomea udaktari wa tiba akauacha. Mwaka 1910 alipewa ofisi mpya ya elimu ya Kiyahudi ya jiji la New York. Wakati huo watoto wa wahamiaji kutoka Urusi na Poland walikuwa wakifundishwa katika vyumba vya giza na walimu waliokosa mafunzo na mshahara wa maana. Benderly alileta vitabu vipya, nyimbo, picha, kambi, madarasa ya wasichana, na akawalea vijana wengi waliokwenda kuanzisha ofisi kama yake katika miji mingine. Mtindo wa shule ya alasiri tuliouona mwanzoni una alama ya mkono wake.

Woocher alirithi nyumba kubwa isiyo na paa moja. Kila sinagogi lina shule yake. Kila dhehebu lina mitaala yake. Shule za kutwa, ambako mtoto husoma hesabu na Talmudi, kitabu kikuu cha mafundisho ya marabi, chini ya paa moja, zina bodi zake. Kambi za likizo, vituo vya chekechea, safari za vijana kwenda Israeli, vyuo vya kufundisha walimu: kila kimoja kina mlango wake na sanduku lake la fedha. JESNA haikuwa wizara. Haikuweza kumteua mwalimu, kufunga shule mbovu, wala kumlazimisha mzazi. Ilichoweza ni kufanya utafiti, kutafuta na kutia moyo walimu, kuwakutanisha waliokuwa hawasemezani, na kushawishi.

Ofisi ya namna hiyo humshinda aliyezoea kuamuru. Mtaalamu wa siasa aliyetumia miaka kuchunguza jinsi watu wasiolazimishwa wanavyotenda kwa pamoja, hapo ndipo nyumbani kwake. Haishangazi kuwa JESNA ilipotafuta mkuu mwingine, ilimchagua Donald Sylvan, naye pia profesa wa sayansi ya siasa, kutoka Chuo Kikuu cha Ohio State. Woocher alibaki shirikani akiwa na cheo kisicho cha kawaida: mkuu wa mawazo.

Mapokeo ya Kiyahudi yenyewe yanalijua tatizo hili tangu kale. Talmudi inamkumbuka kwa heshima Yehoshua ben Gamla, kuhani mkuu wa karne ya kwanza. Kabla yake, mtoto mwenye baba alifundishwa na baba yake, na yatima alikosa. Ben Gamla aliagiza kila mji uweke walimu, na watoto waanze wakiwa na miaka 6 au 7. Kurasa hizohizo zinataja hadi idadi: mwalimu mmoja kwa watoto 25, wakifika 40 apewe msaidizi, wakifika 50 waajiriwe walimu wawili, na mji ubebe gharama. Mwalimu wa kwetu anayesimama mbele ya watoto 90 darasani ataisoma hesabu hiyo kwa uchungu. Wazee wale waliamua kuwa kumfundisha mtoto wa mwenzio ni wajibu wa mji mzima. Woocher alikuwa akitetea uamuzi huohuo mbele ya watu ambao, tofauti na wakazi wa miji ya Ben Gamla, wangeweza kusimama na kuondoka.

Hofu ya 1990

Kisha ikaja hesabu iliyotikisa nyumba. Utafiti wa taifa wa idadi ya Wayahudi wa Marekani wa mwaka 1990 ulitangaza kuwa kati ya Wayahudi waliooa au kuolewa katika miaka mitano iliyotangulia, asilimia 52 walichukua wenzi wasio Wayahudi. Baadaye wataalamu waliipitia tena hesabu hiyo wakapata asilimia 43. Lakini namba ya kwanza ilikwisha kuingia mioyoni. Katika mahubiri, mikutano na meza za Sabato likazuka swali moja: je, wajukuu wetu watakuwa Wayahudi?

Mwaka huohuo, tume iliyoongozwa na mfanyabiashara Morton Mandel wa Cleveland, ikiwa na JESNA miongoni mwa washirika wake, ilitoa ripoti yake, A Time to Act. Ilidai mambo mawili makuu: ualimu wa Kiyahudi ujengwe kuwa taaluma ya kweli yenye mafunzo na malipo, na viongozi wa jamii waipe elimu nafasi ya kwanza katika bajeti na mioyo yao. Pia mwaka 1990 ulizaliwa Covenant Foundation, mfuko wa familia ya Crown ya Chicago kwa ushirikiano na JESNA. Hadi leo mfuko huo hutunuku walimu bora kwa tuzo inayoheshimiwa sana katika taaluma yao. Fedha zilianza kumiminika. Mwaka 1999 ukaanza mpango wa Birthright, unaowapeleka vijana Israeli bure.

Kwa mkuu wa shirika la elimu, hofu ile ilikuwa neema. Kila mtu alimsikiliza. Fedha ambazo zamani zilikwenda hospitalini sasa zilikuja darasani. Mtu mwingine angeipalilia hofu hiyo hadi astaafu. Woocher, kadiri miaka ilivyopita, aliitilia shaka, na hapo ndipo ninapouona ukubwa wake.

Kuligeuza swali

Mwaka 2007, akifanya kazi katika taasisi ya fikra iliyokuwa ndani ya JESNA, aliandika waraka wa kuisanifu upya elimu ya Kiyahudi. Mwaka 2012 aliirefusha hoja hiyo katika jarida la kitaaluma la elimu ya Kiyahudi.

Alisema mfumo wa karne ya 20 ulijengwa kujibu swali la wahamiaji: mtoto atakuwaje Mmarekani kamili na bado abaki Myahudi? Swali hilo limejibiwa. Vijana wa sasa ni Wamarekani bila jasho, na Uyahudi wao hauwazuii kitu. Wao wanauliza jingine: mapokeo haya yananisaidia nini kuishi maisha yenye maana? Shule inayoendelea kujibu swali la babu itamkuta mjukuu amekwisha kutoka mlangoni. Tena kumlea mtoto ili kabila lisife ni kumtwika kazi ambayo hakuiomba. Mtoto hashiki jambo kwa sababu litakufa asipolishika. Hulishika linapomfaa siku ya shida na siku ya furaha.

Akaweka misingi mitatu. Wa kwanza, anayejifunza awe mtendaji, mwenye sauti katika safari yake mwenyewe, asiwe chungu cha kujazwa. Wa pili, elimu hupita katika uhusiano: mtoto humkumbuka mwalimu aliyemjua kwa jina na marafiki aliokesha nao kambini kuliko ukurasa wa kitabu. Wa tatu, masomo yaguse maisha yenyewe, yaani kazi, mapenzi, fedha, maradhi, haki.

Kisha akarudi kwenye siasa. Kambi ya likizo haijui mtoto alisoma nini shuleni. Chekechea haimkabidhi kwa mtu anapoondoka. Akishasoma Torati yake akiwa na miaka 13, mara nyingi hakuna anayempokea ng'ambo ya pili, na wengi hupotelea hapo. Woocher alizitaka taasisi hizo ziache kulinda mipaka yao kama mashamba yenye mgogoro na zimtazame mtoto mmoja anayepita katika zote. Ndiyo hoja ya shirikisho ile aliyoihubiri Elazar, safari hii katika mizani ya mtoto: kila taasisi ijitawale katika lake, na zote zitawale pamoja katika lililo la wote.

Wako wanaoogopa njia hii, na hofu yao ina uzito. Ukimpa mwanafunzi kiti cha mbele, elimu inaweza kugeuka duka, kila mmoja achukue kitamu na kuacha kigumu. Uyahudi ni dini ya amri, na amri haisubiri ridhaa ya kila mtu. Shule za kutwa ziliendelea kukua hadi wanafunzi wapatao 255,000 mwaka wa masomo 2013–14, na idadi kubwa kabisa walitoka jamii za Kiorthodoksi, zisizolegeza masharti. Ukweli huo haupuuziki. Lakini mamia ya maelfu wengine hawaishi katika jamii hizo, na hawarudi nyuma kwa kukemewa. Woocher aliwachagua hao. Kwao alitaka mapokeo yaletwe yakiwa hai, yakijibu wanachouliza.

Mlango mmoja ulipofungwa

Mwaka 2013 JESNA ilifungwa. Wakati wa mashirika makubwa ya kitaifa ulikuwa unapita, na fedha zilikuwa zimehamia kwenye mifuko ya familia na miradi midogo. Mtu aliyelihudumia shirika moja kwa zaidi ya robo karne alikuwa na haki ya kukata tamaa. Badala yake alikuwa rais wa kwanza wa Lippman Kanfer Foundation for Living Torah, mfuko wa familia ya Akron, Ohio, ambayo kampuni yake hutengeneza dawa ya kusafisha mikono ya Purell.

Jina la mfuko, lenye maana ya Torati iliyo hai, lilikuwa muhtasari wa mawazo yake. Huko yeye na wenzake walishughulikia kile walichokiita hisia za Kiyahudi: namna za kuuona ulimwengu ambazo mtu anaweza kuzitumia hata kama hajui kusoma ukurasa wa Talmudi. Mojawapo ni elu va-elu, yaani haya na yale. Inatokana na simulizi ya madrasa mbili za kale, ya Hillel na ya Shammai, zilizobishana miaka mitatu. Sauti kutoka mbinguni ikasema maneno ya pande zote mbili ni ya Mungu aliye hai, lakini sheria ifuate watu wa Hillel. Kwa nini wao? Talmudi inajibu kuwa walikuwa wapole, na walipofundisha walitaja kwanza rai ya wapinzani wao, kisha yao.

Hapo mwanafunzi wa siasa na mwanafunzi wa dini waliomo ndani ya Woocher hukutana. Kumfundisha kijana simulizi hiyo ni kumpa mapokeo ya babu zake, na papo hapo ni kumpa chombo cha kutumia kesho katika kamati, bungeni, au ugomvini na mkewe. Hakuna haja ya kumtishia kuwa Uyahudi utakufa. Amekwisha kuuona unafanya kazi mkononi mwake.

Woocher alifariki Julai 2017, baada ya kuugua saratani. Waliofanya kazi naye walimlilia kama mwalimu wa walimu, ingawa watoto waliofaidi jasho lake wengi hawakuwahi kulisikia jina lake. Ndivyo ilivyo kwa wajenzi wa mifumo. Anayesoma Torati kwa sauti mbele ya wageni humshukuru mwalimu wake, na ni sawa. Hamjui mtu aliyehangaika kwenye mikutano ili mwalimu yule apate mafunzo na mshahara.

Nimemwandika kwa sababu swali lake si la Wayahudi peke yao. Mama wa Kizanzibari aliyeko Muscat, na baba wa Kikongo aliyeko Brussels anayemsikia mwanawe akimjibu kwa Kifaransa kila anaposemezwa kwa Kiswahili, wote wawili wameuliza kama wajukuu wao watakuwa wao. Woocher alitumia karibu nusu ya maisha yake katika swali hilo, akagundua kuwa limeelekezwa kwa mtu asiyehusika. Anayepaswa kuulizwa ni mtu mzima: tunacho nini kinachotusaidia sisi wenyewe kuishi, na tunakitumia mbele ya watoto? Mtoto anayeteremshwa mlangoni mwa sinagogi alasiri hii, akiwa na njaa, hutazama kwanza jambo moja kabla hajafungua kitabu. Hutazama kama aliyemleta anaingia ndani pamoja naye, au anageuza gari na kuondoka.